Jimbo la Clare, Ayalandi, 1801–1922: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Wengi wanaoulizia Clare wamefika hapo kwa kumfuata Daniel O'Connell, kiongozi wa Wakatoliki wa Ayalandi, au Éamon de Valera, kiongozi wa harakati za jamhuri, wakagundua kuwa wote wawili walipata ubunge wao wa kwanza katika kaunti hiyohiyo, mmoja mwaka 1828 na mwingine mwaka 1917. Kuna kisa kingine kinachowaunganisha: kiapo cha mlangoni. Mara mbili wapiga kura wa Clare walimchagua mtu huku wakijua fika kwamba kiapo cha Bunge la London hatakiapa.

Clare iko wapi, na jimbo hili lilikuwapo lini hasa?

Clare ni kaunti ya magharibi mwa Ayalandi, katika jimbo la kale la Munster. Kaskazini inapakana na ghuba ya Galway, kusini na mlango wa mto Shannon, na magharibi ni bahari ya Atlantiki tupu. Mji wake mkuu ni Ennis. Watalii wanaijua kwa majabali ya Moher.

Kabla ya 1801 kaunti hii ilipeleka wabunge wawili katika Bunge la Ayalandi lililokuwa Dublin. Sheria ya Muungano, iliyoiunganisha Ayalandi na Uingereza, ikalivunja bunge hilo, na kuanzia tarehe 1 Januari 1801 Ayalandi ikapewa viti 100 katika Baraza la Makabwela (House of Commons) la London. Clare ikabaki na viti viwili. Mji wa Ennis ulikuwa na kiti chake cha pembeni, ambacho hakimo katika hesabu hiyo. Mwaka 1885 kaunti ikakatwa sehemu mbili, Clare Mashariki na Clare Magharibi, kila upande mbunge mmoja. Majimbo hayo mawili yakafa mwaka 1922.

Mwaka 1828 nani alikuwa na haki ya kupiga kura?

Wengi kuliko unavyodhani, ingawa haki yenyewe ilikuwa na kamba mguuni.

Wakatoliki wa Ayalandi walirudishiwa haki ya kupiga kura mwaka 1793. Katika majimbo ya kaunti, sharti lilikuwa kumiliki ardhi yenye thamani ya shilingi 40 kwa mwaka, na aliyepanga shamba kwa mkataba wa kudumu muda wa uhai wa mtu fulani alihesabiwa kuwa mmiliki. Makabaila wakaona fursa. Kadiri unavyogawa vishamba kwa mikataba ya aina hiyo, ndivyo unavyojitengenezea wapiga kura. Siku ya uchaguzi mkulima anakwenda kituoni nyuma ya wakala wa kabaila, anaulizwa mbele ya watu anamtaka nani, anataja jina kwa sauti, karani anaandika.

Kura ya siri haikuwapo mpaka 1872. Mtu akilitaja jina ambalo kabaila halitaki, anajua kwamba malimbikizo yote ya kodi yake yanaweza kudaiwa wiki inayofuata, na asipolipa anatolewa shambani na wanawe. Ndiyo maana kilichotokea Clare kiliitisha serikali.

Kwa nini kulikuwa na uchaguzi mdogo mwaka ule? Mbunge alikufa?

Hapana, alipandishwa cheo. William Vesey-FitzGerald, mbunge wa Clare, aliteuliwa na Waziri Mkuu Wellington kuwa mkuu wa Bodi ya Biashara. Kwa sheria ya wakati ule, mbunge aliyepewa uwaziri alipoteza kiti na kulazimika kurudi kwa wapiga kura. Kwa kawaida ilikuwa safari ya heshima tu: waziri mpya anarudi nyumbani, anapita bila kupingwa, watu wanakunywa.

Tena hakuwa mtu mbaya. Alikuwa Mprotestanti aliyeunga mkono haki za Wakatoliki, na baba yake alipinga Muungano. Chama cha Wakatoliki, kilichoanzishwa mwaka 1823, kilikuwa kimeazimia kumpinga kila atakayejiunga na serikali ya Wellington, hata awe rafiki. Kilitafuta Mprotestanti wa kusimama dhidi yake, hakikumpata. O'Connell akasema atasimama mwenyewe.

Kama Mkatoliki hakuruhusiwa kuwa mbunge, aligombeaje?

Hapa ndipo wengi wanapochanganya mambo. Hakuna sheria iliyomzuia Mkatoliki kugombea wala kuchaguliwa. Kizuizi kilikuwa ndani ya ukumbi: kabla ya kukaa, mbunge alitakiwa kuapa kuwa mfalme ndiye mwenye mamlaka juu ya Kanisa wala si papa, na kutoa tamko la kukana kwamba mkate na divai hugeuka mwili na damu ya Kristo, pamoja na kuiita misa ibada ya sanamu. Mkatoliki mwenye dhamiri asingeweza kuyatamka hayo. O'Connell alikuwa wakili, na wakili mzuri sana. Aliliona pengo kati ya kuchaguliwa na kuapishwa, akapita humo.

Ilikuwaje hizo siku za kupiga kura Ennis?

Upigaji kura ulianza tarehe 1 Julai 1828 ukaisha tarehe 5. Watu waliojaa mjini wanakadiriwa kufikia 30,000, wengi wao wakiwa hawana kura. Walikuja kusimama na jirani zao. Mapadri walikuwa kila mahali. Baadhi ya vikundi vya wapangaji viliingia mjini vikiongozwa na kasisi wa parokia badala ya wakala wa shamba.

Kitu kilichowashangaza maofisa kuliko vyote ni utulivu. Chaguzi za Ayalandi zilijulikana kwa pombe na ngumi. Safari hii viongozi walipiga marufuku ulevi na ugomvi mpaka kura ziishe, na watu wakatii. Serikali ilikuwa imeleta askari na polisi wa kutosha kuzima ghasia, wakakaa bila kazi. Mtu anayesoma barua za watawala wa Dublin Castle, makao ya serikali ya Uingereza nchini Ayalandi, wa kipindi kile anaona kuwa nidhamu hiyo iliwatia hofu kuliko ambavyo vurugu zingewatia. Vurugu unazipiga risasi. Umati wa wakulima waliokaa kimya kwa amri ya chama unaufanyaje?

Ndani ya mahakama, lilikofanyika tukio lenyewe, mchezo haukukosekana. Kijana mmoja aliyejiita The O'Gorman Mahon, ndiye aliyependekeza jina la O'Connell, aliingia amevaa utepe wa kijani wenye nishani ya wafuasi wa ukombozi. Sherifu akamwamuru auvue. Akamjibu, kwa maneno yaliyozungushwa makusudi, kwamba bwana huyu anamwambia bwana yule kuwa akithubutu kumgusa bwana huyu, bwana huyu atajitetea dhidi ya bwana yule. Watu wakaangua kicheko, na utepe ukabaki kifuani. Mweke akilini huyu O'Gorman Mahon, atarudi.

Siku ya kwanza wagombea walikwenda sambamba. Kisha wapangaji wakaanza kuwaacha mabwana zao kundi kwa kundi, na makabaila waliokuja Ennis na watu wao wakajikuta wamesimama peke yao. Matokeo: O'Connell kura 2,057, Vesey-FitzGerald 982.

Alipochaguliwa alikwenda London moja kwa moja?

Hakwenda, na subira hiyo ilikuwa silaha. Kiti cha Clare kikakaa kama swali lisilojibiwa miezi kadhaa huku serikali ikipiga hesabu: kama Clare imewezekana, basi kwenye uchaguzi mkuu ujao itawezekana katika kaunti nyingi za Ayalandi. Wellington na Robert Peel, ambao miaka yote walipinga haki hizo, wakaona kuwa kukataa kutaleta vita. Mfalme George IV aligoma kadiri alivyoweza, hatimaye akakubali, na sheria ya kuwaruhusu Wakatoliki kukaa bungeni ikapata idhini yake tarehe 13 Aprili 1829.

Lakini sheria iliandikwa kwa hila ndogo: kiapo kipya, kile ambacho Mkatoliki angeweza kukitamka, kilikuwa cha wabunge watakaochaguliwa baada ya sheria. O'Connell alikuwa amechaguliwa kabla. Kwa hiyo alipoingia Baraza la Makabwela Mei 1829, karani alimpa viapo vya zamani, akakataa kuviapa. Alipewa nafasi ya kujieleza akiwa amesimama kwenye kizuizi cha ukumbi, mahali wanaposimama watu wa nje wanaoitwa na Bunge. Wabunge hawakukubaliana na hoja yake. Spika akamuuliza tena kama yuko tayari kuapa kiapo cha mamlaka ya mfalme juu ya Kanisa. Akaomba kadi yenye maneno ya kiapo, akaisoma polepole, kisha akasema kuwa ndani yake kuna jambo moja analolijua kuwa si kweli na jingine asiloamini kuwa ni kweli, kwa hiyo hataapa. Kiti kikatangazwa wazi.

Clare ikapiga uchaguzi mdogo mwingine. Tarehe 30 Julai 1829 O'Connell alipita bila kupingwa, na Februari 1830 akakaa kitini kwa kiapo kipya.

Basi ndiye Mkatoliki wa kwanza kukaa katika Bunge hilo baada ya sheria?

Hapana. Aliyemtangulia ni Earl wa Surrey, Mwingereza, mbunge wa Horsham, aliyechaguliwa na kuapishwa Mei 1829 wakati O'Connell bado anabishana na karani.

Na wale wakulima wa shilingi 40 walipata nini?

Walipokonywa kura. Siku ileile sheria ya haki za Wakatoliki ilipopita, ilipita pamoja na nyingine iliyopandisha sharti la kupiga kura katika kaunti za Ayalandi kutoka shilingi 40 hadi pauni 10. Wapiga kura wa kaunti zote za Ayalandi wakaporomoka kutoka karibu 216,000 hadi karibu 37,000.

Yaani watu waliohatarisha mashamba yao ili wakili mmoja aingie bungeni ndio waliolipa bei ya yeye kuingia. Mawakili, wafanyabiashara na wana wa mabwana Wakatoliki walipata vyeo. Mkulima wa kijiji kama Corofin, huko Clare, hakuambulia hata ile kura aliyokuwa nayo. O'Connell alikuwa amewahi kuapa kuwatetea, lakini upinzani wake ulipowadia haukuwa na nguvu. Wapo wanaosema hakuwa na njia nyingine. Mimi naona ni doa ambalo sanamu zake hazilionyeshi.

O'Connell aliendelea kuwa mbunge wa Clare?

Kwa muda mfupi tu. Katika uchaguzi mkuu wa 1830 alihamia kaunti ya Waterford. Mwanawe Maurice alishika kiti cha Clare kuanzia 1831, baada ya O'Gorman Mahon kuchaguliwa 1830 kisha kung'olewa kwa kesi ya uchaguzi.

Miaka ya kati, 1832 hadi 1880, hakuna la maana?

Kwa upande wa wabunge, kidogo. Familia za wenye ardhi ziliendelea kupokezana. Cornelius O'Brien, aliyekaa miaka mingi katika kipindi hicho, anakumbukwa leo kwa mnara aliojenga mwaka 1835 juu ya majabali ya Moher kuliko kwa hotuba yoyote.

Kwa upande wa watu, kulikuwa na msiba. Njaa Kuu iliyoanza 1845 ugonjwa ulipoharibu viazi iliipiga Clare vibaya sana, hasa eneo la Kilrush ambako maelfu walifukuzwa mashambani na nyumba zao kubomolewa. Sensa ya 1841 ilihesabu watu karibu 286,000 katika kaunti. Ya 1851 ikahesabu karibu 212,000. Kuhama hakukukoma baada ya hapo, na kufikia 1911 walibaki kama 104,000. Unaposoma idadi za kura za baadaye, kumbuka kwamba ni za kaunti iliyokwisha kupoteza zaidi ya nusu ya watu wake.

Na uchaguzi wenyewe uliua. Julai 1852 askari waliokuwa wakiwasindikiza wapangaji wa kabaila mmoja kwenda kupiga kura Sixmilebridge walizongwa na umati uliowarushia mawe, wakafyatua risasi. Watu wasiopungua sita walikufa. Kura ya wazi ilikuwa bado ipo miaka ishirini zaidi.

Ni kweli kwamba mbinu ya kumtenga mtu na jamii ilianzia Clare?

Hotuba ilitolewa Clare, tukio maarufu lilitokea kwingine. Tarehe 19 Septemba 1880 Charles Stewart Parnell, kiongozi wa wabunge wazalendo wa Ayalandi, alihutubia Ennis wakati wa mapambano ya wapangaji na makabaila juu ya ardhi. Aliuliza umati: mtu akichukua shamba ambalo jirani yake amefukuzwa, mumfanye nini? Sauti zikajibu apigwe risasi. Parnell akasema ipo njia iliyo bora na ya Kikristo zaidi: mkimkuta njiani mpiteni, dukani msiseme naye, sokoni mwacheni, hata kanisani mkaeni mbali naye, kama watu wa zamani walivyomkwepa mwenye ukoma.

Siku chache baadaye mbinu hiyo ilimshukia Kapteni Charles Boycott, wakala wa Lord Erne, lakini huyo alikuwa kaunti ya Mayo. Katika Clare kwenyewe mapambano yalifika kileleni Bodyke mwaka 1887 na kwenye mashamba ya Vandeleur karibu na Kilrush mwaka 1888, ambako gogo zito la kubomolea kuta lilitumika kuwatoa wapangaji waliojifungia ndani.

Kapteni O'Shea wa Clare ndiye yule wa kesi ya Parnell?

Ndiye. Katika uchaguzi mkuu wa 1880 Clare ilichagua wawili: William O'Shea, na mwenzake si mwingine bali O'Gorman Mahon, sasa mzee wa karibu miaka 80, aliyekuwa amerudi bungeni mwaka 1879. Anatajwa kuwa ndiye aliyemkutanisha Parnell na akina O'Shea. Parnell akapendana na Katharine, mke wa O'Shea, wakaishi pamoja miaka kadhaa na kuzaa watoto.

O'Shea aliacha kiti cha Clare mwaka 1885, akapewa cha Galway mwaka 1886 kwa shinikizo la Parnell mwenyewe, jambo lililowakera wafuasi wake. Desemba 1889 akafungua kesi ya talaka. Hukumu ilipotoka Novemba 1890, chama cha Parnell kilipasuka vipande viwili, na Oktoba 1891 Parnell akafa. O'Gorman Mahon alitangulia miezi michache, akiwa mbunge wa Carlow, na hata yeye alikuwa amekwisha kumkana.

Kwa nini jimbo liligawanywa mwaka 1885?

Sheria ya 1884 iliwapa kura wakuu wa kaya vijijini, na ya 1885 ikapanga upya mipaka ili kila jimbo, isipokuwa machache, liwe na mbunge mmoja. Kiti cha mji wa Ennis kikafutwa. Wakuu wa kaya maskini wakarudi kwenye daftari, miaka 56 baada ya kutolewa, safari hii wakiwa na kura ya siri. Kuanzia hapo hakuna kabaila aliyepata tena kiti Clare.

Nimesikia wabunge wawili wa Clare Magharibi walikuwa na mambo yao Afrika. Ni kweli?

Kweli kabisa, na walikuwa pande mbili zisizopatana.

Wa kwanza ni Rochfort Maguire, mbunge 1892 hadi 1895, wa upande wa Parnell. Alisoma Oxford na Cecil Rhodes. Oktoba 1888 alikuwa mmoja wa watu watatu, pamoja na Charles Rudd na Francis Thompson, waliopata kwa Mfalme Lobengula wa Wandebele mkataba wa madini uliokuja kutumiwa kuchukua nchi ambayo leo ni Zimbabwe. Mfalme aliahidiwa bunduki 1,000, risasi 100,000 na pauni 100 kila mwezi. Mwaka huohuo Rhodes aliahidi pauni 10,000 kwa chama cha Parnell. Alitaka Waayalandi wapate bunge lao lakini wabaki na viti London, akiona kuwa huo ungekuwa mfano wa himaya nzima kuendeshwa kwa mashirikisho.

Ukiliweka hilo kando ya vita vya ardhi vya Clare, linauma. Wapangaji waliokuwa wakitolewa nyumbani kwa gogo walikuja kuwakilishwa na mtu aliyemletea Lobengula karatasi ya kumtolea nchini mwake.

Wa pili ni Arthur Lynch, mbunge 1909 hadi 1918. Alizaliwa Australia, akawa daktari, mwanahabari na mwandishi. Vita vya Makaburu na Waingereza vilipozuka alikwenda Afrika Kusini akaongoza kikosi cha Waayalandi upande wa Makaburu. Mwaka 1901, akiwa Paris, Galway ilimchagua mbunge. Alipovuka kwenda London alikamatwa, na Januari 1903 akahukumiwa kunyongwa kwa uhaini. Adhabu ikageuzwa kifungo cha maisha, akaachiwa baada ya mwaka mmoja hivi, akasamehewa rasmi 1907. Miaka miwili baadaye Clare Magharibi ikampeleka Westminster, yaani Bunge la London, akakaa na watu waliotaka anyongwe. Mwaka 1918 akapewa cheo cha kanali kuwasajili Waayalandi jeshini kwa ajili ya dola ileile aliyokuwa amepigana na askari wake.

Willie Redmond alikuwa nani?

William Redmond, ndugu wa kiongozi wa chama John Redmond, alikuwa mbunge wa Clare Mashariki kuanzia 1892, miaka 25. Mzalendo aliyefungwa zaidi ya mara moja kwa ajili ya harakati za ardhi. Vita ya Kwanza ya Dunia ilipoanza aliamini kwamba Waayalandi wakipigana bega kwa bega na Waingereza watapewa bunge lao kwa shukrani. Alijiunga jeshini akiwa na zaidi ya miaka 50. Tarehe 7 Juni 1917 alijeruhiwa katika shambulio la Messines, Ubelgiji, akabebwa na wapiganaji wa Ulster, Waprotestanti waliokuwa wapinzani wa siasa zake, akafa akiwa na umri wa miaka 56. Alizikwa Locre.

Ndiyo chanzo cha uchaguzi wa 1917?

Ndiyo. Kiti kikawa wazi, na siku kumi hivi baadaye London ikawaachia huru wafungwa wa uasi wa Pasaka 1916 dhidi ya utawala wa Uingereza. Miongoni mwao alikuwa mwalimu wa hesabu, Éamon de Valera, aliyezaliwa New York na kulelewa Bruree, kaunti ya Limerick. Alikuwa amehukumiwa kifo kwa kuongoza kikosi katika uasi ule, kisha adhabu ikageuzwa kifungo cha maisha. Alitoka gerezani katikati ya Juni. Kura zilikuwa tarehe 10 Julai.

Mpinzani wake hakuwa mgeni. Patrick Lynch alikuwa wakili maarufu, mwenyeji wa Clare mwenye ndugu kila kona, lakini alikuwa amewahi kuwa mwendesha mashtaka wa serikali, na hilo lilimfuata kila mkutano. De Valera alizunguka vijijini mara nyingi akiwa na sare ya Irish Volunteers, jeshi la kujitolea la wazalendo, vijana wakipiga kwata mbele yake. Hakuahidi barabara wala daraja. Aliahidi jamhuri, na kwamba hataenda London.

Matokeo: de Valera 5,010, Lynch 2,035. Wanawake hawakuwa na kura bado, wala vijana wengi waliokuwa wakipiga kwata. Kwa hiyo waliomchagua mfungwa huyo walikuwa hasa wakuu wa kaya, watu wazima wenye mashamba, walewale waliomrudisha Redmond miaka 25. Hapo ndipo chama cha zamani kilipopaswa kushtuka. Sinn Féin, chama cha de Valera, ilikuwa imeshinda Longford Kusini miezi miwili kabla kwa kura 37 tu. Clare Mashariki iliishinda kwa kura karibu 3,000. Oktoba mwaka huo de Valera akawa rais wa Sinn Féin.

Majimbo haya mawili yaliishaje?

Kimyakimya. Katika uchaguzi mkuu wa Desemba 1918 de Valera alipita bila kupingwa Clare Mashariki, na Brian O'Higgins wa Sinn Féin akapita vilevile Clare Magharibi. Hawakukanyaga Westminster. Tarehe 21 Januari 1919 wabunge wa Sinn Féin waliokuwa huru walikutana Dublin kama bunge la Ayalandi, Dáil Éireann. Jina la de Valera lilipoitwa likajibiwa kuwa amefungwa na wageni. Alikuwa gereza la Lincoln, alikotoroka tarehe 3 Februari.

Mwaka 1921 Clare nzima ilirudishwa kuwa jimbo moja la viti vinne katika Dáil, na wagombea wote wanne wa Sinn Féin wakapita bila kupingwa. Viti viwili vya London vikafutika bunge lile lilipovunjwa Oktoba 1922, vikiwa vimekaa vitupu karibu miaka minne.

Na habari ya kiapo iliisha?

Hapana. Mkataba wa 1921 na Uingereza ulileta kiapo ndani ya Dáil yenyewe: mbunge wa Ayalandi aliahidi uaminifu kwa mfalme wa Uingereza. De Valera alikataa, nchi ikaingia katika vita vya wenyewe kwa wenyewe. Agosti 1923, vita vimekwisha, alipanda jukwaani Ennis kuomba kura, askari wa serikali mpya wakamkamata palepale. Akashinda akiwa kizuizini, kwa kura zaidi ya 17,000, zaidi ya mara mbili ya waziri Eoin MacNeill aliyemfuata.

Miaka minne alikaa nje ya bunge alilochaguliwa na Clare. Mwaka 1927 serikali ikatunga sheria kwamba mgombea asiyeahidi kuapa hawezi kugombea. Tarehe 11 Agosti de Valera na wenzake wakaingia. Aliiondoa Biblia iliyokuwa juu ya kitabu cha viapo, akaiweka upande wa pili wa chumba, akafunika maneno ya kiapo, akasaini jina lake, na kusema kwamba hakuapa chochote, ametia sahihi tu ili apate kupita mlangoni. Alipoingia madarakani alikifuta kiapo hicho, mwaka 1933. Aliendelea kuwa mbunge wa Clare mpaka alipochaguliwa rais wa nchi mwaka 1959.

Ukimlinganisha na O'Connell pale na kadi yake mkononi, utaamua mwenyewe nani alikuwa mkweli zaidi. Wapenzi wa de Valera husema hali zilikuwa tofauti, na hawajakosea.

Nikitafuta majina ya wabunge wa Clare kwenye kumbukumbu, nichunge nini?

Jina Clare linaweza kuwa kiti cha bunge la Dublin kabla ya 1801, kiti cha London hadi 1885, au jimbo la Dáil ambalo bado lipo. Angalia mwaka kwanza.

William Smith O'Brien, mwasi wa 1848, hakuwa mbunge wa kaunti hii bali wa mji wa Ennis na baadaye Limerick. Aliyekaa kiti cha Clare ni kaka yake Lucius, mwenzake O'Connell 1829. Wala usimchanganye Lucius na Cornelius O'Brien wa mnara.

Akina Lynch ndio wanaochanganya zaidi. Arthur ni wa Clare Magharibi na vita vya Makaburu. Patrick ni aliyeshindwa na de Valera, na hakuwahi kuwa mbunge wa Clare huko London. Ukimwona Patrick Lynch katika orodha ya wanasheria wakuu wa serikali ya Ayalandi, 1936 hadi 1940, ni huyohuyo. Aliyemteua ni de Valera.